Nyumba Iliyo Chini ya Uvimbe

Katika nchi ya Utosi kuna sheria moja iliyozaa nyingine zote: kilichoonwa na Mnara kipo, na kisichoonwa na Mnara hakipo. Nakijwa, mpima maji, alielezwa sheria hiyo siku ya kwanza, kabla hajapewa hata maji ya kunawa uso, na hakuiona kuwa na ubaya mkubwa. Huko alikotoka pia watu walisadiki mambo mengi kwa sababu tu ofisi fulani imeyasema. Kilichomtisha alikijua baadaye: Mnara wenyewe ulikuwa mgonjwa, nchi nzima iliujua ugonjwa huo, na bado hakuna aliyediriki kuitilia shaka sheria.

Namna alivyofika si habari ya kusimulia. Aliitwa akapime maji, akaenda. Utosi ni nchi ya juu. Mahali pa mbingu pana kuba la mfupa, jeupe, lisilo na ufa wala mlango, na wenyeji huangaziwa na taa. Maji yao yote hupanda kutoka mabondeni kupitia genge jembamba liitwalo Shingo, yakisukumwa na pampu iliyo chini sana, ambayo hakuna mwenyeji aliyewahi kuiona. Kila pampu inapopiga, maji huruka juu na ardhi hutikisika kidogo. Wenyeji hawalisikii tena tetemeko hilo. Nakijwa alilisikia kwenye nyayo zake tangu alipofika, na halikumtoka mpaka alipoondoka.

Mnara wa Maono husimama upande wa mbele wa nchi. Una vioo viwili vikubwa, na kila kioo hugeuzwa kwa kamba ndefu inayotoka katikati ya mji. Miaka mingi kabla ya Nakijwa kufika, kamba ya kioo cha kushoto ilibanwa na kitu. Kioo kikakwama kikitazama pembeni, na pazia lake likateremka nusu, likabaki hivyo. Tangu siku hiyo Mnara ukaona kila kitu kuwa viwili.

Baraza la Utosi lilikaa, likaamua kwamba sheria haiwezi kukosea, kwa hiyo iliyokosea ni nchi. Kazi ya kuirekebisha nchi ikaanza mara moja. Penye kiti kimoja kikawekwa cha pili. Penye hakimu mmoja akatafutwa mwingine wa kimo kilekile, akapewa jina lilelile na joho lilelile. Bwana Lugome, Mkuu wa Maji, alitafutiwa Lugome wa pili, fundi cherehani kutoka mtaa wa nyuma. Nakijwa alipowakuta hakuna aliyekumbuka yupi alikuwa mkuu na yupi alikuwa fundi cherehani. Wao wenyewe, kila mmoja aliapa kwamba hajawahi kushika sindano.

Jambo gumu lilikuwa daraja. Juu ya mfereji mkuu palikuwa na daraja moja, na Mnara uliona mawili. Kulijenga la pili kungechukua muda, lakini sheria haikungoja. Daraja lilikwisha kuonwa, kwa hiyo lilikuwepo, na watu watiifu wakaanza kulipita. Waliotumbukia hawakuhesabiwa kuwa wamekufa, maana walikuwa darajani. Walihesabiwa kuwa wamechelewa. Nakijwa aliwaona jamaa zao wameketi ukingoni na vikapu vya chakula, wakingoja kwa adabu.

Kitu kilichobana kamba kilijulikana na kila mtu. Mfereji mkuu, ukishatoka Shingoni, hupiga kona kali, na hapo maji yalikuwa yameusukuma ukuta wake mwaka baada ya mwaka mpaka ukalegea na kututumka nje, kama shavu la mtu aliyejaza maji mdomoni. Shavu hilo lilikuwa limekua kuupita mfereji wenyewe. Liliibana kamba ya kioo, likaning'inia juu ya mtaa mmoja mzima, na kila pampu ilipopiga, lilijaa na kupwaya. Watu waliliita Uvimbe. Serikali iliuita Akiba ya Maji ya Taifa.

"Nani anawashauri kuhusu hiyo Akiba?" Nakijwa aliwauliza akina Lugome walipokuwa wakimwonyesha mji.

"Swali zuri," alisema Lugome wa kulia.

"Zuri mno," alisema Lugome wa kushoto. "Tulikuwa na washauri wengi."

"Ndipo tukatunga sheria ya Dhamana."

Sheria ya Dhamana ilisema kwamba yeyote atakayetoa shauri kuhusu Uvimbe atahamia nyumba iliyo chini yake, akae humo mpaka shauri lake lizae matunda au nyumba ianguke. Ilitungwa ili washauri wawe wakweli. Kwa miaka mingi sasa hapakuwa na mshauri hata mmoja.

Wakampeleka kuiona nyumba yenyewe, kwa kuwa ilikuwa sehemu ya matembezi ya wageni. Paa halikuwepo, paa lilikuwa ni Uvimbe. Humo aliishi mjane aitwaye Bi Kiwera, mwanamke mkavu, mwenye sauti ya mtu aliyezoea kuzungumza juu ya kelele. Alimpa Nakijwa kigoda bila kumuuliza jina.

"Mume wangu ndiye aliyekuwa mshauri wa mwisho," alisema. "Alishauri tusubiri. Akahamia hapa, na mimi nikamfuata, ningefanyaje. Akasubiri mpaka akafa kwa kikohozi."

"Na shauri lake?"

"Bado linasubiri. Ndiyo maana sijaruhusiwa kuhama."

Kisha akamwonyesha desturi ya nyumba hiyo. Kila asubuhi Bi Kiwera alipanda juu ya meza, akaweka kiganja kwenye Uvimbe, akaupa muda, kisha akapaza sauti dirishani: "Unapiga." Mtaa mzima ukaitikia: "Na upige." Hapo ndipo milango ilipofunguliwa na watoto wakatoka kwenda shule. Hakuna aliyefungua mlango kabla ya neno hilo.

"Weka na wewe, mgeni. Haumi."

Nakijwa akapanda, akaweka kiganja. Ukuta ulikuwa na uvuguvugu. Alisikia pigo, na nyuma ya pigo akasikia maji yakizunguka ndani kwa mchakacho, kama kitu kinachotafuta mlango. Akausogeza mkono polepole kuelekea chini, kwa mazoea ya kazi yake. Karibu na pembe ya chumba vidole vyake vikakutana na kijivimbe kidogo kilichoota juu ya Uvimbe, laini, chembamba kama ngozi ya nyanya iliyoiva kupita kiasi. Pigo lilipokuja, kilituna chini ya kidole chake. Akautoa mkono haraka, akashuka mezani.

"Hicho kimeanza lini, Mama?"

"Kipi?"

"Hapo pembeni."

Bi Kiwera hakutazama huko. "Mimi huweka mkono hapa katikati tu," alisema. "Huko pembeni sigusi."

Siku iliyofuata Nakijwa alialikwa barazani. Baraza lilikuwa na makundi matatu, na kila mjumbe alikaa na pacha wake wa kisheria. Kundi la kwanza, Wakata Paa, lilitaka kuba la mfupa lipasuliwe na mafundi washuke kwa juu, waubane Uvimbe kwenye shingo yake kwa koleo. Nakijwa aliijua kazi hiyo. Hufaa panapo shingo nyembamba, na huu ulikuwa na mdomo mpana tu, karibu upande mzima wa mfereji. Kundi la pili, Wajaza Waya, lilitaka nyaya laini zisukumwe ndani mpaka Uvimbe ujae na maji yakose nafasi. Hiyo pia ni kazi nzuri mahali pake. Hapa mdomo ungezitema nyaya zile, na mfereji ungezibwa. Kundi la tatu, Wasubiri, lilikuwa kubwa kuliko mengine yote mawili, na hoja yake ilikuwa moja: haujapasuka.

Kwa sababu ya Dhamana, hakuna aliyesema jambo moja kwa moja. Mjumbe alisimama, akatazama dari, akasema: "Ingekuwa kuna mtu, ambaye si mimi wala si ndugu yangu, naye angependa kushauri, huenda angefikiria koleo." Akaketi akijifuta jasho. Mwingine akajibu: "Mtu huyo, kama angekuwepo, angejibiwa na mtu mwingine ambaye pia hayupo." Mjadala ukaenda namna hiyo mpaka wakati wa chakula.

Ndipo akina Lugome walipomgeukia mgeni, kwa heshima tu, wakamuuliza kama ameipenda nchi.

Nakijwa alisimama. Alikwisha kulipima jambo lote tangu jana. Angeweza kusema nchi ni nzuri, akaenda zake. Lakini kunyamaza kwake kusingeuongezea ukuta ule unene wowote.

"Upande wa chini kumeota kijivimbe juu ya Uvimbe," alisema. "Hapo ukuta umekwisha. Utapasuka."

Kila mjumbe akamtazama pacha wake.

"Unamaanisha," alisema Lugome wa kulia kwa upole, "kama ingekuwa kuna mtu..."

"Mheshimiwa, sisemi kama. Nasema utapasuka. Siku siijui."

"Bi Nakijwa, sheria ya Dhamana unaijua?"

"Mlinieleza wenyewe."

"Basi bado unaweza kuyameza maneno hayo," alisema Lugome wa kushoto. "Watu huyameza. Hakuna atakayekucheka."

"Nikiyameza, nyinyi mtakimbilia wapi ukipasuka? Kuba halina mlango."

Kisha akawaeleza alichokijua. Ufumwe wavu wa waya mwembamba, wa mviringo, kama mkono wa kanzu. Ukunjwe ndani ya mwanzi mrefu, upandishwe kutoka mabondeni kwa njia ileile ya maji, upite Shingoni mpaka kwenye kona. Hapo mwanzi uvutwe nyuma, wavu ufunguke, ulale ndani ya mfereji mkuu, ukipita mbele ya mdomo wa Uvimbe. Uvimbe wenyewe usiguswe kabisa.

"Wavu una matundu," alisema mmoja wa Wakata Paa, akisahau kwa mshangao kuzungumza kwa mafumbo. "Maji yatapita."

"Yatapita kidogo, kwa uvivu. Mengi yatafuata njia iliyonyooka. Yale yatakayoingia hayatakuwa na nguvu ya kutoka. Yatazunguka, yatachoka, yatalala, yataganda. Uvimbe ukishajaa maji yaliyoganda hautakuwa na la kusukuma. Utasinyaa."

"Na vijito vidogo vinavyochipuka palepale? Kile kinachonywesha Mtaa wa Kauli?"

"Kauli una kiu, unavuta. Maji yatapita kwenye matundu kuufuata. Kijito kina pa kwenda, Mheshimiwa. Uvimbe hauna."

"Itachukua muda gani?"

"Miezi sita. Huenda mwaka."

"Na katika mwaka huo hautapasuka?"

"Unaweza. Maji yanapoganda humo ndani, mara chache ukuta hupata joto na kudhoofika kabla haujapona. Tena kuna jambo jingine. Maji yenu yana gundi ndani yake. Ndiyo inayoziba kila ufa. Gundi hiyo ikiona waya itaukimbilia, na wavu ukizibwa na gundi, nusu ya nchi itakauka. Kwa hiyo lazima maji yatiwe jani la mlegezi kila siku, ili gundi ilegee. Na gundi ikilegea, ufa wowote utakaotokea hautazibika upesi."

"Kwa hiyo unatuuzia hofu ya mwaka mzima," alisema Lugome wa kushoto.

"Hofu mnayo. Mimi naipa mwisho wake."

Wakapiga kura. Wengi waliunga mkono, si kwa kusadiki, bali kwa faraja: hatimaye alikuwepo mtu wa kulaumiwa. Jioni hiyohiyo mzigo wa Nakijwa ulipelekwa kwa Bi Kiwera.

"Nilijua tu," alisema Bi Kiwera akimpokea begi. "Ulivyoutoa ule mkono, nikajua huyu hana akili ya kunyamaza. Unakula mboga chungu?"

Wavu ulifumwa na mafundi wa mabondeni chini ya uangalizi wa Nakijwa, na siku ya kuuweka ilipofika watu waliambiwa wakae chini popote walipo. Mwanzi ukapanda na kufika kwenye kona. Wavu ulipoanza kufunguka, ulijinyonga katikati kama nguo inayokamuliwa, na maji yakasimama. Taa za Utosi, ambazo huwaka kwa nguvu ya maji, zikafifia zote kwa pamoja. Nakijwa, aliyekuwa Shingoni na mafundi hao, ameshika kamba ya kuongozea, alisikia kimya cha ajabu kwenye nyayo zake. Akawaambia mafundi warudishe mwanzi kidogo, wausukume wavu mbele bila kuulazimisha. Hawakuwa na haraka, na hilo ndilo lililowaokoa. Mara wavu ukajiachia, ukajaza mfereji na kuegemea ukuta pande zote. Taa zikarudi. Mjini watu wengi walikuwa wamekaa vilevile, mikono vichwani, hawajui kama imekwisha.

Kisha ukaanza mwaka wa kungoja.

Kila asubuhi wanawake wawili walipanda mezani. Bi Kiwera aliweka kiganja katikati, Nakijwa aliweka pembeni. Mwezi wa kwanza pigo lilikuwa lilelile. Mwezi wa pili mchakacho ulipungua, lakini kijivimbe kikawa cha moto, na Nakijwa hakumwambia mtu. Hakuona kuwa ni uongo. Hapakuwa na la kufanya, na habari isiyo na la kufanya haimsaidii anayepewa. Hata hivyo alianza kula amesimama karibu na mlango.

"We mpima maji," Bi Kiwera alimwambia siku moja, "hapo mlangoni unapata faida gani? Ukipasuka, unadhani utakutafuta wewe ukukose?"

"Hapana."

"Basi kaa, ule kama mtu. Unanifanya na mimi nione aibu ya kukaa."

Nakijwa akakaa. Bi Kiwera akamwongezea mboga.

Mlegezi nao ulianza kuleta malalamiko. Mabomba yaliyokuwa hayavuji yakaanza kudondosha maji. Mtoto akigonga ukuta kwa mpira, doa la buluu lilitokea na kukaa wiki nzima. Chemchemi iliyo chini ya Mnara, karibu na njia mbili zinazoingiza hewa nchini, ilitiririka asubuhi moja mpaka adhuhuri bila kukatika. Nakijwa aliwaambia wananchi kwamba haya yalitarajiwa na hayaui. Lakini Sikukuu ya Uwili ilikuwa inakaribia, na akina Lugome hawakutaka mji wenye madoa. Bila kushauriana na mtu, wakaamuru jani la mlegezi lisitiwe mpaka sikukuu ipite.

Siku ya nne ya amri hiyo Nakijwa alikwenda sokoni Kauli kununua chumvi. Mtaa huo ndio uliokuwa na kelele kuliko yote Utosini. Humo ndimo waliishi wapiga mbiu, mawakili, wanenaji na waghani. Aliingia, akakuta kimya. Watu walikuwa wamesimama mbele ya bidhaa zao wakiwa na nyuso za mtu anayetafuta kitu mfukoni.

"Nipe chumvi," alimwambia muuzaji.

Muuzaji alimtazama. Alikuwa ameelewa, jambo hilo lilionekana machoni. Akanyoosha kidole kwenye gunia la chumvi, akafungua mdomo. "Hii," alisema. "Hii... ile. Ile ya... hii." Jasho likamtoka. Kando yake mpiga mbiu wa Baraza alikuwa ameshika pembe yake, akisema "na, na, na," huku machozi yakimshuka, maana alijua kabisa ni tangazo gani alilotakiwa kulitoa.

Nakijwa hakuhitaji kupima. Kijito cha Kauli kilikuwa kinazibwa. Baada ya Kauli ungefuata mkono wa kulia wa nchi, kisha nusu nzima.

Alikwenda kwenye nyumba yalikohifadhiwa majani ya mlegezi kwa miguu yake, akikimbia, mwanamke wa makamo ambaye hakuwa amekimbia tangu ujana. Walinzi wawili wakamzuia.

"Amri ya Mkuu wa Maji," alisema wa kwanza.

"Ya wakuu wote wawili," alisema wa pili.

"Wewe mkeo anaitwa nani?" Nakijwa alimuuliza huyo wa pili.

"Anaitwa..." Mlinzi akafungua mdomo. Akaufunga. Akamtazama mwenzake kwa hofu ambayo Nakijwa hakuwahi kuiona usoni mwa mtu mwenye silaha. Wakasogea wote wawili, na wakamsaidia kubeba magunia.

Alitia jani kwa kipimo cha juu kuliko kawaida, pale kijito kinapochipuka, akakaa ukingoni. Alijua kuwa kipimo hicho, kama kijivimbe kingechagua kupasuka saa ileile, kingemaliza kila mtu. Bi Kiwera alikuwa peke yake nyumbani, chini yake. Nakijwa aliyaweka mambo hayo mawili pamoja kichwani na hakupata njia ya tatu. Karibu na adhuhuri maji ya kijito yakaanza kujivuta, na sokoni mtu mmoja akasema kwa sauti kubwa, kama aliyetukanwa: "Chumvi." Wengine wakaanza. Mtaa mzima ukawa unataja majina ya vitu, vyovyote, kwa pupa, na wengine walikuwa wakilia.

Akina Lugome hawakuulizwa lolote. Kwa mujibu wa Baraza, amri iliyotolewa na wawili haina mwenyewe.

Mwezi wa saba, asubuhi, Bi Kiwera alipanda mezani, akaweka kiganja, akakaa muda mrefu kuliko desturi. Mtaani watu walikuwa nyuma ya milango wakingoja.

"Mwanangu," alisema. "Haupigi."

Nakijwa akapanda. Katikati palikuwa kimya. Akapeleka mkono pembeni, taratibu, akakitafuta kijivimbe. Kilikuwa baridi, kigumu, kimenywea kama zabibu kavu. Akagonga kwa kidole. Mlio ulikuwa wa kitu kilichojaa. Akarudia kila mahali alipofikia, na mahali popote palipo kimya alipagonga mara ya pili.

"Umekufa?" aliuliza Bi Kiwera.

"Umeganda. Pigo sasa liko kwenye mfereji mkuu tu, linakopaswa kuwa."

"Na mimi niwaambie nini hawa?" Alionyesha dirisha. "Nimewaambia unapiga miaka yote hii. Nikiwaambia haupigi, nani atafungua mlango?"

Alikuwa sahihi. Alipotangaza, mtaa haukuitikia, na milango haikufunguliwa siku hiyo wala iliyofuata. Watoto walifungiwa ndani. Watu waliokuwa wamelala usingizi chini ya hatari kwa miaka mingi, sasa walikesha kwa sababu imeondoka.

Lakini hofu kubwa ilikuwa barazani. Uvimbe ulipozidi kusinyaa, kamba ya kioo cha kushoto ilianza kupata nafasi. Kwanza pazia likapanda, kidogo kila siku. Kisha kioo kikaanza kugeuka kuelekea mbele. Mlinzi wa Mnara alikuja barazani, akasimama mbele ya viti vyote vile, akasema kwa sauti ya chini kwamba daraja limeanza kuwa moja. Ukingoni mwa mfereji, wale wenye vikapu wakasimama wote mara moja, kama watu walioitwa.

Baraza lilikaa kikao kifupi kuliko vyote katika historia yake. Wakata Paa, Wajaza Waya na Wasubiri walikubaliana bila mjadala: wavu utolewe. Hakuna aliyesema "ingekuwa." Akina Lugome wakachukua ndoana na minyororo, wakamwamuru Nakijwa awaongoze ndani ya mfereji mkuu, kwenye kijia cha ukaguzi kilicho juu ya maji.

"Mkiung'oa, ukuta utachanika," aliwaambia njiani. "Hautakuwa Uvimbe tena. Itakuwa shimo, na maji yote ya nchi yatatokea hapo."

"Umekwisha kutoa shauri moja," alisema Lugome wa kulia. "Inatosha."

Alitembea mbele yao akiwa na taa. Hakuogopa maji. Aliogopa ndoana. Hao walikuwa watu walio radhi kuvuka daraja lisilokuwepo kuliko kukiri kuwa halipo.

Wakafika kwenye kona. Lugome wa kushoto akainua taa yake, Lugome wa kulia akainua ndoana, akautafuta wavu. Hakuuona. Pale ulipokuwa mdomo wa Uvimbe palikuwa na ukuta, mwororo, wenye rangi ileile ya mfereji, usio na mshono. Maji yalipita mbele yake bila kugeuka. Ukitazama kwa makini uliona chini ya ngozi hiyo mistari myembamba iliyopishana, kama mishipa mgongoni mwa kiganja. Mfereji ulikuwa umeotea juu ya wavu, ukaufanya sehemu ya mwili wake.

Lugome wa kulia alipitisha ncha ya ndoana ukutani, huku na huku, polepole, akitafuta uzi wa kushika. Ndoana iliteleza. Akajaribu tena, kwa nguvu zaidi. Ikateleza tena. Hapakuwa na pa kuanzia.

Mkono wake ukashuka. Pampu ilipiga kule mbali chini, maji yakapanda, yakapita. Wanaume wawili wenye joho moja na jina moja walisimama kwenye kijia chembamba wakitazamana, na Nakijwa aliona kwamba kila mmoja alikuwa anakipima kimo cha mwenzake.

"Bi Nakijwa," alisema mmoja wao, na Nakijwa hakujua tena ni yupi. "Tukitoka humu, Mnara utaona nini?"

Nakijwa alifikiri kidogo, maana swali lilikuwa la haki na lilistahili jibu sahihi.

"Watu utawaona wawili," alisema, "kwa kuwa mko wawili. Kiti cha Mkuu wa Maji utakiona kimoja."